Komatsuna kwa Sendoff ya Hepi

Jumamosi, 18 Agosti 2012

Nimemwagilia. Nimepalilia. Nimechuma nyanya. Kindi amekula zile nzuri, akang'ata kila moja kidogo na kuacha. Namchukia kindi yule kwa moyo wote.

Bibi Haruko wa kipande cha jirani alikuwepo, kofia hadi kwenye nyusi. Tumelima ubavu kwa ubavu hapa Toronto, nyuma ya maghorofa ya Crescent Town, kwa misimu kadhaa na hatujawahi kuzungumza zaidi ya mvua na jua. Leo aliniona nikikodolea macho mboga zake. Majani mapana ya kung'aa, mabua membamba yaliyonyooka. Nikamwambia, kwa Kiingereza changu cha heshima, kwamba kwetu Tanzania hii tunaita chainizi. Akaacha kukata. Akasema si ya Kichina, ni ya Japani, na ina jina lake. Komatsuna. Akanitamkisha mpaka likakaa vizuri mdomoni, ndipo akanipa fungu zima.

Nimeikaanga kwa kitunguu na nyanya. Haikutoa maji. Mabua yamebaki na ukakamavu wake, majani laini. Uchungu kidogo tu kwa mbali, kama figili ya nyumbani. Baba Tumaini amekula bila kutazama simu.

Nina hasira. Miaka yote hii nakula spinachi ya kugandishwa, ambayo ukiiweka motoni inageuka uji wa kijani. Kumbe hii ilikuwa upande wa pili wa kamba inayotenga vipande vyetu.

Jumapili, 26 Agosti

Kamati ya sendoff ya Hepi, binti wa kanisani kwetu anayeolewa, baada ya ibada. Sherehe ni Jumamosi ya tarehe 13 Oktoba. Mama Frida ndiye mwenyekiti wa chakula, kama siku zote. Pilau kwa huyu, ndizi kwa yule, mbuzi kwa wanaume. Alipofika kwangu hata hakuinua macho. "Mama Tumaini, wewe una gari kubwa. Soda."

Harusi, soda. Ubatizo, soda. Msiba, soda na maji. Tangu nije Toronto hakuna mtu aliyewahi kuonja chakula changu kwenye shughuli, kwa sababu buti ya gari langu ni pana. Nimelelewa Machame jikoni kwa mama yangu. Najua kupika.

Halafu Mama Frida akasema mboga itakuwa spinachi ya pakiti. Nikasikia mdomo wangu ukisema mboga nitaleta mimi. Mbichi. Za shambani kwangu. Watu wakacheka. Mwezi wa kumi, Toronto, shambani. Mmoja akauliza kama nitapanda kwenye friji.

Mama Frida hakucheka. Akakumbusha kwamba bibi yake Hepi anakuja kutoka Moshi, meno yake hayataki tena nyama, na mboga ndiyo sahani yake. Akasema, "Haya, mboga ni zako. Zikikosekana utakwenda wewe mwenyewe mezani kwa bibi kumwambia."

Nimekubali.

Jumatatu, 27 Agosti

Nimemweleza Bibi Haruko. Ameniletea mbegu. Nimeng'oa nyanya zangu zote, mbivu na mbichi. Baba Tumaini amenuna.

Jumatano, 5 Septemba

Zimeota. Mistari ya kijani imenyooka kabisa, maana Bibi Haruko alinifanya nipande upya nilipopinda.

Leo amekaa kwenye ndoo yake akanisimulia habari ya lile jina. Zamani mtawala mkubwa wa nchi yao alikwenda kuwinda pembezoni mwa mji, akapumzika mahali pa ibada, wenyeji wakampa mchuzi wa mboga zao za kila siku. Akala, akapenda, akauliza jina. Hazikuwa na jina. Zilikuwa mboga tu. Palikuwa na mto jirani, Komatsu, basi akazipa jina la mto. Na ile "na" ya mwisho ni mboga. Ndivyo wanavyosimulia kwao, hana uhakika kama ni kweli.

Dukani hapa, anasema, wanaiandikia spinachi ya haradali ya Kijapani. Si spinachi, si haradali. Huwa anawasahihisha. Hawabadilishi. Alisema hivyo huku anang'oa jani kavu kwa nguvu kuliko ilivyohitajika, nikampenda hapohapo.

Jumamosi, 15 Septemba

Tumepunguza miche. Nilikuwa natupa niliyong'oa, Bibi Haruko akanishika mkono. Miche haitupwi. Akaiosha palepale bombani, mingine tukala mibichi na chumvi, mingine akaniambia nitie kwenye supu mwishoni kabisa, pamoja na tofu, ile jibini ya soya, na nizime moto.

Nimefanya hivyo. Tumaini amechokonoa bakuli akasema, "Mom, it's just spinach." Nikamwambia ina jina. Akazungusha macho. Miaka kumi na tatu na anajua kuzungusha macho kama mtu mzima. Lakini bakuli amelimaliza.

Jumapili, 30 Septemba

Siku mbaya.

Mboga zimekua, nikaona nijaribu chungu cha kweli, kama cha sendoff. Nikapika kama tunavyopika kisamvu. Nikatia magadi, yale niliyoletewa kutoka nyumbani, ili zilainike upesi. Nikatia tui. Nikaacha zichemke wakati tuko kanisani, moto mdogo. Kurudi, kijani kimekoza kama rangi ya sare, mabua hayaonekani, kijiko kinasimama. Kwangu mimi ilikuwa mboga imeiva.

Nikampelekea Bibi Haruko kibakuli, najivuna. Akaonja. Akaweka kijiko chini taratibu, akauliza komatsuna iko wapi.

Nimerudi na kibakuli changu. Nimelia kidogo kwenye lifti, halafu nikakasirika kwa kulia, halafu nikaonja tena. Anasema kweli. Nimechukua mboga yenye mwili wake nikaifanya ile spinachi ya pakiti niliyoisema mbele ya kamati nzima.

Na kana kwamba haitoshi, leo kanisani Mama Frida aliniambia ameshanunua spinachi za kugandishwa, ziko kwenye friza yake. "Za akiba tu, dada." Akanipigapiga bega. Ningeweza kuukata ule mkono.

Jumatatu, 8 Oktoba

Sikukuu ya Shukrani, kazini hatuendi. Watu wanachoma bata mzinga. Mimi nimeshinda jikoni kwa Bibi Haruko, ghorofa ya nne, jengo la pili kutoka letu. Viatu mlangoni kama kwetu.

Amenionyesha. Fungu linashikwa kwa majani, mabua yanatangulia kwenye maji yanayochemka. Unahesabu taratibu moyoni, kisha ndipo unaachia majani. Muda mfupi tu. Kisha kwenye maji baridi, kisha unakamua kwa viganja. Akakata, akapanga kwenye kibakuli, akamwagia mchuzi mwepesi wa samaki mkavu na soya. Tumekula zimepoa. Zilikuwa na ladha safi kabisa. Akanionjesha na zile alizotia chumvi kwenye chombo chini ya jiwe, na nyingine alizokaanga na vipande vya tofu iliyokaangwa. Mboga moja, na kila sahani inazungumza vingine.

Halafu akavua aproni akanivalisha mimi. Zamu yangu.

Magadi nimeacha nyumbani kwa makusudi. Nimekaanga kitunguu mpaka kikawa cha dhahabu, nyanya ikaisha maji, nikatia karanga za kusaga kidogo na tui zito la kwanza. Mchuzi ukaiva wenyewe, peke yake, mpaka ukatoa mafuta juu. Nikatia mabua. Nikahesabu. Nikatia majani, nikageuza mara chache, nikazima.

Bibi Haruko alikula sahani nzima. Akajiongeza.

Nimeshuka kwa ngazi, ghorofa zote nne, naimba.

Alhamisi, 11 Oktoba

Redio inasema alfajiri ya kesho itagandisha. Sherehe keshokutwa. Mboga zote bado ziko udongoni.

Nimetoka kazini moja kwa moja na kisu na mifuko, nikakuta Bibi Haruko amekaa kwenye ndoo yake kama mlinzi. Akasema niache. Hii mboga haiogopi baridi. Baridi inaitia utamu, kwao wanaisubiri baridi kwa hamu. Nikikata leo zitakaa kwenye mifuko hadi Jumamosi na kunyauka. Nikiziachia baridi kwa usiku mmoja, nitamshukuru.

Nimemwambia hajui Mama Frida. Akasema anajua komatsuna.

Nimeacha. Nimerudi mikono mitupu. Baba Tumaini ananiambia nimechukua ushauri wa mtu ambaye hatasimama mbele ya bibi wa watu. Nina hofu, na nina hasira na hofu yangu.

Ijumaa, 12 Oktoba

Nimeomba ruhusa kazini. Nimefika bustanini kunapambazuka.

Zimelala. Zote. Kila jani limelala chini kwa udongo, limevaa weupe, gumu kama karatasi iliyolowa ikakauka. Kipande changu na kipande chake. Nilisimama pale nikaona meza ya bibi, nikaona mkono wa Mama Frida kwenye bega langu, nikaona soda mpaka siku ya kufa kwangu. Nikachukua kisu. Niokoe hata kidogo.

Sauti ikaita nyuma yangu. Bibi Haruko, koti juu ya nguo za kulalia, anakuja karibu akikimbia. Akaninyang'anya kisu. Bibi mzima, mdogo wa mwili kuliko Tumaini. Akasema nikizigusa sasa zitaoza mkononi mwangu. Ziache jua lizifikie. Akakaa kwenye ndoo yake, kisu changu mapajani.

Nilimchukia kwa saa nzima. Akanipa chai kwenye kifuniko cha chupa, nikaipokea kwa kiburi.

Jua likatoka nyuma ya maghorofa. Weupe ukawa matone. Halafu jani moja, pembeni, likajiinua. Nilidhani ni upepo. Likafuata lingine. Kabla ya saa sita mchana mistari yote ilikuwa imesimama, inang'aa, kana kwamba hakuna kilichotokea. Nimepiga magoti kwenye tope na suruali ya kazini.

Bibi Haruko akakata jani akanipa mbichi. Tamu. Uchungu umekimbia, umebaki utamu.

Akanirudishia kisu. Tumekata mpaka jioni, zangu na zake.

Jumapili, 14 Oktoba

Mwili mzima unauma na sijawahi kuwa na furaha hivi.

Jana nilipikia palepale jikoni mwa ukumbi, huko Agincourt. Sikutaka zipikwe mapema. Mchuzi nilibeba umeiva, mboga zimeoshwa zimekatwa, mabua upande wake na majani upande wake. Watu walipoanza kupakua pilau, mimi ndiyo kwanza natia mabua. Mama Frida akaingia akachungulia, uso umemshuka. "Hazijaiva hizo." Nikamwambia asubiri. Niliiona mifuko ya spinachi yake kwenye kona, inaanza kutoka jasho.

Majani. Kugeuza. Moto zima. Nikabeba sufuria mwenyewe.

Nilimpakulia bibi yake Hepi kwa mkono wangu. Alikuwa amekaa na sahani ya ndizi hajaigusa, amevaa sweta mbili. Akaonja. Akafumba macho. Nikaona mabua yanasagika polepole kwa meno aliyonayo. Akala hadi chini, akanyoosha sahani, nikamwongeza. Ndipo akauliza kwa sauti ile ya wazee wasiosikia vizuri, meza zote zikageuka. "Mwanangu, mboga gani hii?"

Nikasema komatsuna. Nikamwita Bibi Haruko, ambaye nilimweka meza ya mbele na Tumaini, akasimama akalitamka jina hilo mwenyewe kwa ukumbi mzima. Wakalirudia. Ukumbi mzima wa Wachagga na Wapare na Wanyakyusa, komatsuna. Bibi Haruko alikaa upesi akatazama meza.

Bibi yake Hepi akasema hilo ni jina la jani. Anauliza la chakula. Nikasema hakina jina, ni mboga tu.

Akanitazama. Akauliza mimi ni mama nani. Nikamwambia. Akasema, "Basi hii ni Mama Tumaini." Akaendelea kula.

Sufuria iliisha kabla ya pilau. Watu walifuta mchuzi kwa chapati. Baba Tumaini alikuwa anawaeleza wanaume jinsi alivyotoa nyanya zake kafara. Mama Frida alikula sahani yake amesimama, akarudi na sahani nyingine, akasema ni za mumewe. Mumewe alikuwa anacheza muziki mikono mitupu.

Wakati wa kuondoka nilimsaidia kubeba mifuko ya spinachi hadi kwenye gari lake. Ilikuwa haijafunguliwa. Nilikuwa mpole sana. Nilimpigapiga bega.

Jumanne, 1 Januari 2013

Theluji tangu jana. Kimya. Tumeamka tumechelewa.

Jana baada ya ibada ya mkesha Mama Frida alinishika mkono mlangoni. Kuna ubatizo mwezi wa pili. Akasema, "Mboga, wewe." Soda amepewa Baba Tumaini.

Mchana tulikwenda kwa Bibi Haruko, sote watatu. Supu ya mwaka mpya, mchuzi mweupe mwepesi, kipande cha keki ya mchele kinachovutika, na juu yake jani la komatsuna, kutoka kwenye boksi lililo kwenye roshani yake. Alifagia theluji kwa brashi ya rangi ndipo akalikata. Tumaini alipiga picha kabla ya kula, akawaandikia rafiki zake jina. Herufi zote sawa.

Kule bustanini tumeacha mistari miwili chini ya theluji, na vijiti vya kuonyesha. Hizo haziliwi. Zitatoa maua ya njano wakati wa joto, halafu mbegu. Bibi yake Hepi anazisubiri huko Moshi.

Tulipokuwa tunavaa viatu mlangoni, Bibi Haruko akauliza kama Jumamosi nitakuja tupike pamoja. Akasema ana hamu ya Mama Tumaini. Alilitamka polepole, kila silabi, kama alivyonifundisha mimi lile lake. Nadhani, kwa kuwa bibi alilisema kwa Kiswahili, anaamini ndivyo inavyoitwa tangu zamani huko kwetu.

Sikumsahihisha. Kesho nitapita kununua nazi.