Ufagio wa Kasri la Mlimani

Mpendwa Mama Mghoi,

Jana nilipanda kasrini, ile nyumba ya mawe yenye minara ambayo mzungu wa mkonge alijijengea mlimani, njia ya Taveta. Nilipanda polepole, na fimbo.

Unakumbuka tulivyokutana huko? Wewe pekee ndiye uliyekubali kazi ya kufagia, maana watu walisema marehemu mke wa mzungu bado anatembea ghorofani. Nami, mwalimu mgeni, nikaja mchana kweupe ili kuwathibitishia wanafunzi kwamba mizimu haipo. Mlango ukajibamiza. Nilikimbia hata kiatu kikabaki. Kesho yake ukakileta darasani, watoto wote wakitazama: "Mwalimu, mwenye nyumba anasema umesahau hiki." Nilikupenda hapo hapo, na aibu yangu yote.

Baadaye nilikuuliza siri yako. Kila asubuhi ulitasa mlangoni. Ukanieleza, mimi mgeni: kutasa ni kusema wazi lililo moyoni, kisha kupuliza maji kutoka kinywani, ili hasira isibaki ndani. "Mama," ulimwambia yule marehemu, "kama una kinyongo, si na mimi. Mimi nafagia tu." Sijaona tena ujasiri kama ule.

Sisi pia tulitasa kila tulipogombana, isipokuwa mara moja. Uliomba nikupeleke kasrini, nikajibu, "Na magoti hayo? Kaa hapa." Ukaninunia siku mbili. Siku ya tatu, Pasaka ikikaribia, ukafariki.

Ndiyo maana nilipanda. Nilipokuwa nasalimiana na mlinzi, tukasikia ufagio juu ngazini.

"Usishtuke, mzee," akasema. "Anafagia tangu Pasaka. Hatumsumbui."

Niliutambua mkono wako: mikwaruzo miwili mirefu, mmoja mfupi. Nilitamani niwe nakuja kila siku, nikusikilize tu. Lakini wewe ndiye uliyenifundisha kwamba mwenye hasira hapumziki. Nikaomba kikombe cha maji.

"Nilikukatalia kwa kuogopa utaanguka, nibaki peke yangu," nikasema. "Kisha nikakukasirikia kwa kuniacha. Yameisha, Mama Mghoi. Pumzika."

Nikapuliza maji. Ufagio ukanyamaza.

Nilipopanda ngazi, vidato vitatu vya mwisho vilikuwa bado na vumbi, na ufagio umeegemea ukuta. Nikauchukua, nikamalizia.

Ni mimi mumeo,
Baba Mghoi