Wajina wa Bi Kudra

Mtawanya, Kibiti
Jumatano, baada ya adhuhuri

Kwako Bi Kudra,

Karatasi hii ni ya pili. Ya kwanza mjukuu wako ameikojolea sasa hivi. Nilikuwa nimeandika shikamoo na mstari mmoja tu, nikamlaza mkekani nimbadilishe nguo, na yeye akaona hapo ndipo pa kulenga. Mkojo ulipanda juu kama bomba lililopasuka, ukatua kwenye salamu zako. Kisha akapiga chafya moja, akalala kana kwamba amemaliza kazi aliyotumwa.

Basi pokea shikamoo nyingine, hii kavu. Ikukute umekaa chini, si umesimama na sinia la kamba kichwani, maana nakujua. Kifua kimepona? Baba na mguu wake je, bado anajidai hauumi huku anashika ukuta? Sisi huku tu wazima. Mimi maziwa yanatoka, nanyweshwa uji wa pilipili manga mpaka natoka jasho puani. Mkweo Tamimu yuko kwenye mikorosho, anakusalimu sana. Mtoto leo ana siku ishirini na sita.

Utajiuliza kwa nini barua, kama vile simu zimekwisha Tanzania. Bi Kudra, simu ya hapo nyumbani ni ya Baba, na Baba hasikii mpaka aweke kipaza sauti, na akiweka kipaza sauti wanasikia hata wanaoparua samaki gatini. Yaliyomo humu ni yako peke yako. Jumamosi nitampa Zaidi, yule wa boti ya barafu. Usimpe mtu akusomee. Mwandiko wangu unauweza, herufi zenyewe tulijifunza wote kwenye daftari langu la darasa la pili, mimi nikisoma kwa sauti na wewe ukifuata kwa kidole huku unachambua uduvi.

Sasa habari. Uliambiwa kwamba ni mwanaume na kwamba tumetoka salama. Jina hukuambiwa, kwa sababu lilikuwa linagombewa, na mpaka ninapoandika halijatulia. Bi Kudra, mtoto nimempa jina lako. Anaitwa Kudra.

Sikupanga, wallahi. Uchungu ulinishika asubuhi, Tamimu akanipeleka hospitali kwa bajaji. Mle ndani wenzangu walikuwa wanawaita mama zao, wengine wanawatukana waume zao matusi ambayo siwezi kuyaandika. Mimi kumbe nilikuwa nasema Kudra, Kudra, njoo unishike. Sikujua. Muuguzi ndiye aliyeniambia baadaye huku anacheka, akauliza huyo Kudra ndiye bwana'ko, mbona wewe humtukani? Nikamwambia ni mwanamke aliyenilea. Akasema basi hilo ndilo jina la kwanza mtoto huyu kulisikia duniani, mkimpa jingine atawashangaa.

Siku ya saba, aliponyolewa nywele, Tamimu akalitamka mbele ya watu. Lo! Baba mkubwa Amri, kaka yake marehemu baba mkwe, aliacha kutafuna halua. Akauliza ni Kudra gani huyo, si jina la yule mke wa muuza nazi hapo barabarani? Akasema kumpa mtoto wa kiume jina la mwanamke ni kumtafutia vita vya shuleni, afadhali tumshonee na gauni kabisa tumalize. Watu wakaangua kicheko. Hata mimi nyuma ya pazia nilicheka, kisha nikalia. Wao walikuwa na lao, Abdulhalim, jina la babu yake Tamimu. Ni jina zuri, silikatai. Ila kule hospitali sikuita Abdulhalim.

Maalimu aliyekuja kusoma dua akawatuliza. Alisema Kudra limetoka kwa Waarabu, maana yake ni uwezo, na hasa ule uwezo wa Mwenyezi Mungu wa kusema kitu kiwe kikawa. Akamgeukia baba mkubwa, akamuuliza uwezo huo ni wa kike au wa kiume. Baba mkubwa akajibu kwamba yeye amekuja kula akika, hakujua kuna mtihani.

Wiki hiyohiyo Tamimu alikwenda Kibiti kununua beseni dukani kwa Pankaj. Si unajua Tamimu hana siri, akayamwaga yote kwa mke wa Pankaj, Purvi, ambaye anajua habari za watu kuliko mwenyekiti wa kijiji. Purvi akasema neno hilo hata wao wanalo, kwa Kigujarati wanaita kudrat, na limetoka hukohuko Uarabuni. Lakini kwao zaidi ni mto, mvua, msitu, mwezi, vyote ambavyo binadamu hakuvitengeneza. Bibi yake mvua ikianza alikuwa anasimama mlangoni, anasema kudrat, halafu ndiyo anakumbuka kuanua nguo. Akasema India wapo wavulana wanaoitwa hivyo na wapo wasichana, na hakuna anayeshonewa gauni. Akampa Tamimu kofia ya mtoto, ya njano, akasema ameichagua kwa kuwa ni rangi isiyogombewa. Niliposimuliwa nikamvika mtoto ile kofia. Niliwaza huko nyumbani, mikoko, maji yanavyojaa na kupwa bila kumwomba mtu ruhusa. Nikaona Purvi amekueleza wewe na hajapata kukuona.

Lakini aliyemlainisha baba mkubwa si Maalimu wala Purvi. Ni wewe. Siku ya kumi alikuja kumtazama mtoto, akaanza tena maneno yake ya gauni, nami nikamjibu kutoka nyuma ya pazia kwa ile habari uliyokuwa ukinisimulia tukitwanga mpunga. Kwamba Kudra wa kwanza alikuwa mwanaume, babu yako wa Maparoni, mkata boriti. Mama yake alipata uchungu akiwa peke yake juu ya dungu, kile kibanda cha nguzo cha kulindia shamba, anawinga ndege wa mpunga, na mafuriko yamezunguka nguzo pande zote. Mkunga hakuna, mtumbwi hakuna. Watu walipofika wakamkuta ameketi anamnyonyesha, na kamba ya kitovu ameikata kwa ukindu. Wakasema hii ni kudra tu, na jina likawa hilo. Nikamweleza na kuhusu baba yako pia, jinsi alivyokwenda mikokoni mke wake akiwa na mimba, akaacha neno kwamba akizaliwa mke, akizaliwa mume, ni Kudra, asije mtu kumtafuta vijitoni kumuuliza. Ndipo ukazaliwa wewe.

Hapo baba mkubwa naye akatoa lake. Kumbe na yeye alizaliwa juu ya dungu, mwaka wa mafuriko makubwa, na hajawahi kutuambia. Akasema, basi jina lenyewe limekwishatembea kwa wanaume na kwa wanawake, mwacheni nalo mtoto. Akaomba apewe ampakate. Akakojolewa.

Aliyebaki ni mama mkwe, Bi Mwanajuma. Yeye habari za kike na kiume hazikumshughulisha hata kidogo. Kila siku ananikanda kwa maji ya moto, kisha ananifunga mkaja tumboni, kile kitambaa kirefu, anakivuta kwa goti ili tumbo lirudi. Siku moja akiwa anafunga akaniambia kwamba kuna jambo halimwingii. Siku ya harusi yangu walileta mkaja kwa ajili ya mama wa bibi harusi, doti mbili za kanga, na aliyeupokea ni mwanamke anaitwa Shamsia. Huyo Bi Kudra yeye hakumwona. Nikasema ulikuwa jikoni. Akarudia, jikoni? Mtu ambaye mjukuu wangu anapewa jina lake, siku ya mkaja alikuwa jikoni? Akavuta fundo mpaka nikakosa pumzi.

Bi Kudra, hapa soma polepole.

Miaka miwili umekaa ukiamini kwamba mama mdogo Shamsia ndiye aliyeudai mkaja wako. Hamsemezani. Alipofiwa hukwenda kumzika mumewe. Si yeye. Washenga waliingia chumbani nikiwa napakwa hina, wakauliza mkaja apelekewe nani. Mama mdogo akasema apewe aliyemlea. Mimi ndiye niliyesema hapana. Nilisema mkaja ni wa tumbo, na Bi Kudra hakunibeba tumboni, upokee wewe kwa niaba ya marehemu dada yako. Mama mdogo alinitazama sana. Baadaye akakubali kubeba lawama, akaniambia haya utayasema mwenyewe siku ukikua.

Nami nilikuona kupitia dirishani. Ulikuwa umesimama uani na upawa mkononi, umejifunga kanga mpya juu ya ile ya kupikia, tayari kuitwa. Likaitwa jina la Shamsia. Ukaifungua ile kanga, ukaikunja mara nne, ukaiweka juu ya mfuko wa mchele, ukarudi kwenye sufuria la pilau. Pilau lenyewe watu wa Mtawanya wanalisifu mpaka leo, na kila wakilisifu mimi nainama.

Sijui nilitaka nini. Labda niliogopa kwamba nikikupa wewe nitakuwa nimemzika mama mara ya pili. Ni yaleyale ya utotoni. Watu walipoanza kukuita Mama Salima, nikagaragara mchangani nikilia kwamba Mama Salima amekufa, na wewe ukawaambia waniache, wakuite jina lako basi. Tangu hapo ni Bi Kudra, kwa kila mtu na kwangu. Mtu aliyenitia mgongoni siku ile ya homa, maji yamekupwa, tope la mikoko mpaka magotini, nakutapikia shingoni na unaniimbia, mpaka ulipoifikia boti. Nikasimama mbele ya washenga nikasema hakunibeba.

Nilimwambia mama mkwe yote haya, na mkaja wenyewe uko nusu. Nilidhani atanigombeza. Alilegeza fundo kidogo, akamaliza kufunga, akakaa kitandani. Akasema kwao mtoto akipewa jina la mtu aliye hai, siku ya arobaini mwenye jina ndiye anayemvusha kizingiti na kumtajia jina lake sikioni. Ukija ukamvusha, ni Kudra, na atakayecheka atamjua yeye. Usipokuja, ataitwa Abdulhalim, kwa sababu hawezi kumvika mjukuu wake jina la mtu mwenye kinyongo. Tangu siku hiyo mtoto anamwita mgeni, na mimi ananiita mzazi. Fomu ya cheti cha kuzaliwa iko juu ya kabati, pa jina pako wazi. Leo asubuhi akaja na karatasi hizi na kalamu, akazitupa kitandani, akauliza nangoja mpaka mgeni aote ndevu?

Basi nakuomba, Bi Kudra. Arobaini inaangukia Jumatano, wiki mbili kamili kutoka leo. Panda boti ya Zaidi mpaka Nyamisati, hapo utapata gari la Kibiti, na Tamimu atakuwa stendi na pikipiki tangu asubuhi. Ukiona moyo wako haujapoa, usije kwa kunionea haya. Nitaelewa, na mtoto nitamlea kwa jina lolote. Lakini mkaja wako ninao. Tamimu ameutoa dukani kwa Purvi, doti mbili, nyekundu na ile ya zambarau unayoipenda, na haujafunguliwa mkunjo. Nimemtumia mama mdogo naye habari, amesema atakuja, na kwamba safari hii jikoni ataingia yeye.

Mtoto amefanana na Tamimu pua, masikio sijui ya nani. Akilia anakunja ngumi moja tu, ya kushoto. Nyayo zake ni pana, Tamimu anasema ni za kukanyagia tope, atakuwa mtu wa kwenu.

Msalimie Baba, mwambie ule mguu apelekwe wakautazame, asingoje mimi nije kumsuta. Wasalimie majirani na wote wa gatini watakaouliza barua inasema nini, na usiwaambie.

Ni mimi niliyekutapikia shingoni,
Salima

Nilikuwa nimeshaikunja, nikaifungua tena. Kuna neno moja nimelizunguka tangu juu mpaka hapa, na najua umeliona kwamba silitaji. Nilitaka kuliandika, kalamu ikasita. Naona karatasi si mahali pake. Ulilikosa mbele za watu, basi na ulipate mbele za watu.

Mama mkwe anaita huko uani, maji ya kunikanda yamechemka. Ngoja. Ameita tena, na safari hii hakusema mzazi. Bi Kudra, ameita Mama Kudra! Tena kwa sauti ya kusikiwa na jirani wa tatu. Mtoto amefumbua macho, anatazama dari kama aliyeitwa yeye. Nimeitikia, nakwenda, lakini kabla sijainuka ujue kwamba Jumatano hiyo nikikuona tu unashuka kwenye pikipiki sitangoja ufike kizingitini, nitakuita kwa sauti kama hiyohiyo, Mtawanya nzima isikie, nitasema