Mahali Alipoangukia Mduduzi

Nquthu, 16 Januari 1994

Mwanangu Bhekizitha,

Sisi wazima, ila goti langu na vituko vyake. Unakula lakini? Usiniambie chai na mkate.

Picha uliyopiga imetufikia gazetini. Maiti yule ni Mduduzi wa jirani yetu MaSithole, mliyechunga naye mbuzi. Hukumjua? Tumeshamzika, lakini roho yake bado iko huko alikoangukia, na mama yake hapati usingizi. Anakuja na tawi la miiba, aibebe roho hiyo juu yake hadi nyumbani, kama inavyopasa. Wewe ulikuwapo. Mwonyeshe mahali.

Mama yako

Thokoza, 30 Januari

Shikamoo mama,

Mimi mzima, ninakula. Sikumtambua Mdu. Nikiwa na kamera jichoni naona mwanga na umbali tu. Mwambie aje, nitampokea stesheni ya mabasi.

Mwanao

Thokoza, 20 Februari

Mama,

Pole na goti. Barua hii usimwonyeshe MaSithole.

Nilizunguka naye tangu asubuhi. Sikupakumbuka, mama. Nimepiga picha maiti wengi mno wa mapigano haya, na picha yenyewe inaonyesha ukuta tu. Kuta za hosteli hizi za wafanyakazi zote ni sawa. Alinifuata na tawi lake, ananiamini kabisa. Nikaona haya, nikaonyesha pembe yoyote.

Akapiga magoti. "Mdu, baba, inuka twende. Usiogope, ni mimi." Akamkatia Mdu naye tiketi ya basi, akae kando yake.

Nimemdanganya. Mdu bado yuko huku peke yake. Nifanyeje?

Mwanao

Nquthu, 6 Machi

Mwanangu,

Barua yako nimeichoma jikoni. MaSithole analala sasa. Anasema mwanawe amefika, na asubuhi anafagia huku akiimba. Sitamwambia, nawe funga mdomo.

Hasira ninayo, sikufichi. Naichukia hiyo kazi yako. Njoo Pasaka, tukuchinjie mbuzi, uoshwe hivyo vifo vya watu.

Mama yako

Nquthu, 1 Mei

Bhekizitha, baba,

Hujambo? Sisi tumepiga kura, nikapanga foleni na goti hili hili. Pasaka ilipita, hukuja, hukuandika. Nimempigia mwenzako kazini kwa simu ya dukani. Anasema kamera umeiacha mezani, kila siku unazunguka zile kuta ukipatafuta alipoangukia Mdu.

Nakuja Jumamosi. MaSithole alitaka kunisindikiza, nikamkatalia. Sibebi tawi. Wewe u hai, nikikuita utasikia. Kaa pale stesheni, usiende popote. Nitakutafuta mimi.

Mama yako