Mama Mkwe Akimbia Asubuhi

Lodwar, 2013

Mdogo wangu Napeyok,

Ejok? Watoto wazima huko Kaaleng? Na kile kiuno chako kimetulia? Mimi sijambo, ni joto tu. Ninasema, jirani yangu Mama Nekesa wa duka la vitambaa anaandika. Nimemkataza kunilainishia maneno.

Umetuma watu waniulize mjukuu wetu Akiru ataacha lini kazi hii ya kuchekesha watu. Haachi. Miaka yote ile Nairobi aliwaandikia wengine vichekesho vya runinga, na kila Mturkana ndani yake alikuwa bawabu mjinga. Akachoka. Akaja hapa kutengeneza kipindi chake, watu wetu wakiwa na akili zao. Kituo kimoja kimekubali kukionyesha, lakini kinataka sehemu zote zikamilike. Kwa hiyo nimebaki naye, nampikia na kumgombeza.

Sasa sikia. Mwigizaji wake mkubwa ni Lomuria, mshonaji wa viatu vya tairi. Katika sehemu ya kwanza anaiba mbuzi, anamlaza kitandani, anamfunika shuka. Wenye mbuzi wakija anawaambia, "Polepole, mama mkwe wangu amelala." Wanaume wote wanageuza nyuso kwa heshima! Mbuzi akilia, anasema, "Anakohoa."

Akiru akaionyesha sehemu hiyo huko Kakuma, ukutani, aone kama watu watacheka. Walicheka mpaka wakalia. Kumbe mama mkwe wa Lomuria, yule wa kweli, alikuwa ameketi mbele. Kesho yake akamwita binti yake arudi kwao.

Lomuria akaniambia, "Nyanya, mimi naacha. Namtaka mke wangu." Na bila Lomuria, kazi yote ya Akiru imekufa.

Unajua mila, yeye hawezi kusimama mbele ya mama mkwe. Nikaenda mimi.

"Mkwe wangu ameniita mbuzi mbele ya Kakuma nzima!" Ndivyo mama huyo alivyonipokea, hata maji hajanipa.

"Aliyeandika ni mjukuu wangu. Mpige yeye, fimbo hii hapa."

Akaitazama fimbo. Kisha akasema, "Tena mbuzi mwenyewe amekonda! Hawakupata mwingine?"

Hapo nikajua tutaelewana. Nikakaa bila kukaribishwa.

Akataka jambo moja: Kenya imwone yeye mwenyewe akimfukuza huyo mwizi kwa fimbo. Nikampigia Akiru. "Na mila je?"

"Nyanya, mama namchukua picha asubuhi akikimbia. Lomuria namchukua jioni akikimbia. Halafu nawaunganisha. Hawataonana kamwe."

Binti amesharudi kwa mumewe. Leo asubuhi tulimfungia Lomuria dukani kwa Mama Nekesa, mama akakimbia. Akiru akapaza sauti, "Basi, mama, imetosha!" Wapi! Amevuka barabara na fimbo yake, anauliza watu, "Yuko wapi huyu mwizi?"

Sirudi mpaka sehemu ya mwisho iishe.

Msalimie shemeji mchunga ngamia, na wifi yetu mwimbaji wa kanisani. Mama yake Akiru mwambie mwanawe anakula vizuri. Na asimtafutie bwana sasa. Ana kazi.

Dada yako mkubwa, anayekupenda hata ukinuna,
Nakwawi