Jogoo Anayechechemea

New York, 20 Novemba 1918

Baba mpendwa,

Pokea salamu zangu nyingi. Natumaini mguu haukusumbui sana kwa baridi hii na kikohozi cha makaa kimepungua. Mimi ni mzima wa mwili. Ya moyoni nitakueleza.

Najua ulikataza jina la Idris lisitajwe mezani kwako tangu alipomchora yule jogoo anayechechemea, Scranton nzima ikacheka, na wachimbaji wenzako wakawa wanakuwikia njiani. Ulimwambia kaka yangu asikanyage tena kwako. Lakini hakukudhihaki, Baba. Aliniambia huo ndio mwendo pekee alioujua kwa moyo, maana utotoni alikaa dirishani akisubiri utoke mgodini.

Tulikuwa na katuni mpya ya sinema. Yeye akichora, mimi nikipaka wino, karatasi baada ya karatasi, mpaka jogoo apige hatua moja. Safari hii kifaranga anafika mlangoni kwa jogoo, theluji inaanguka, anabisha. Idris akaishia hapo. Nikimuuliza kinachofuata, anacheka na kusema, "Muulize mzee." Bwana Haddow, mkuu wetu kazini, alitaka jogoo atoke amtimue kifaranga kwa teke, watu wavunjike mbavu.

Baba, keti kwanza. Idris hatunaye. Homa hii inayomaliza watu ilimchukua mwezi uliopita. Alipougua nilikupelekea telegramu, hukujibu. Mpaka mwisho alikuwa akiniuliza kama treni ya Scranton imefika. Nilimwambia imechelewa.

Bwana Haddow akaniagiza nimalize mimi, na teke lisikosekane. Nilipoanza kulia akasema, "Wewe binti, hapa si matangani." Sikuchora teke. Nilimchora jogoo akitoka, akichechemea kwenye theluji, akamfunika kifaranga kwa bawa, wakaingia ndani. Haddow alinuna, lakini kazi ilikuwa imechelewa, akaiachia.

Sinema zilizofungwa kwa ajili ya homa zimefunguliwa tena, na filamu itafika huko Jumamosi. Nenda, Baba. Watu watakucheka utakapotoka mlangoni kwenye filamu, waache wacheke. Nina hasira nawe, sitakuficha. Lakini nisamehe kwa kukutembeza kwenye theluji bila ruhusa yako. Sikuweza kumwacha mwanao nje tena.

Nisalimie shangazi Gwladys na majirani wote wanaoniulizia. Jifunike vizuri usiku.

Mwanao aliyebaki,
Olwen