Wanasema Ninampanda Fisi

Mpendwa Mama Mwahija, shikamoo, naomba unisaidie kabla sijampiga mume wangu mwiko.

Mimi ni mkimbiaji wa mbio ndefu, mkoa mzima hakuna mwanamke wa kunishinda, sasa mwezi uliopita nikiwa mazoezini nikawasikia vijana wawili kisimani wakipanga kumkata mapanga jioni ile Mayu Mageni, bibi kizee jirani yetu, eti macho yake mekundu ni ya uchawi, wakati ni moshi wa kinyesi cha ng'ombe tunachopikia sote, basi nikageuza nikakimbia mpaka polisi mjini, na landrova ilipotufikisha tuliwakuta mlangoni na mapanga yao, bibi yumo ndani anawatukana matusi nisiyoweza kukuandikia. Tangu hapo kila alfajiri nakimbia peke yangu kijiji hadi kijiji, nikifika namwomba mwenyekiti aitishe mkutano, nawaambia kizee ana haki ya kuishi na macho yake aliyo nayo, wengine wananisikiliza, wengine wanaangalia mapaja. Sasa ndugu wa wale vijana wanasema mchawi ni mimi, kwamba mwanamke asiyechoka lazima usiku anampanda fisi. Mume wangu, Masele, kaficha kaptula yangu, anasema, "Acha mbio, na mahakamani usiende kutoa ushahidi. Watatukata sote." Kesi ya wale vijana ni wiki ijayo. Mayu Mageni kila siku ananiuliza, "Utaenda?" Nifanyeje?

Eufrasia, Didia, Julai 1979

Marahaba, Eufrasia. Mwiko uache jikoni.

Umemwokoa mtu mlangoni mwa kaburi, sasa unataka nikupe ruhusa ya kumrudisha? Usipotoa ushahidi wataachiwa, na safari ijayo hawatapangia mambo yao kisimani. Hofu ya Masele siicheki, mapanga ni mapanga. Kuficha kaptula ndio upuuzi. Nawe acha kukimbia peke yako alfajiri baada ya kutishiwa; huo si ushujaa, ni ukaidi.

Leo hii nenda polisi, wataje wanaokutisha kwa majina. Mchukue Mayu Mageni mkakae kwa ndugu yeyote aliye mjini Ngokolo mpaka hukumu itoke, na matusi yake aende nayo, yatawafaa njiani. Mahakamani sema ulichosikia, usiongeze chumvi.

Ukirudi, kimbia mchana kweupe katikati ya gulio, wakuone unavyohema na kulowa jasho kama punda wa maji. Huyo fisi watamtafuta mpaka wachoke. Masele apande baiskeli akufuate nyuma akulinde. Ukimwacha nyuma, hiyo ni shida ya Masele.