Mserbia Anatembea Kama Mimi

Jumanne, Malaba

Nilijua tu. Huyu mama Mserbia niliyempangisha chumba, aliyekuja na watu wa filamu, leo nimemshika. Alikuwa nyuma ya jikoni akiburuta mguu wa kushoto, mkono kiunoni, vile mimi hutembea tangu nigongwe na bodaboda.

"Mama Vesna, unanicheka?"

Akaona haya. Akanieleza kwa Kiingereza chake cha polepole kwamba ameigiza miaka arobaini, na hata kwao hakuna anayejua jina lake. Yeye hupewa nafasi ya jirani, mpishi, mjane wa kupita.

"Kila mmoja namtafutia mwendo wake. Huyu wa sasa anauza samaki hapa mpakani. Nilitaka wako."

Si angeuliza? Wiki tatu ananiita dada, anakula omena yangu, kumbe macho yake yako kwa mguu wangu.

Nikamuuliza huyo muuza samaki anaitwa nani.

"Hana jina. Wameandika tu 'mwanamke'."

Hiyo iliniuma, sijui kwa nini.

Bado simwamini. Lakini nimemwonyesha vile ninavyopanda ngazi, maana alipojaribu hapo alikuwa anakosea kabisa.